Kuisha na Kuhuisha: Vitambulisho kati ya Nakivale na Mbarara



Mwanafunzi mmoja aliniuliza hivi karibuni: leseni ya udereva ikipitwa na tarehe yake, tuseme "imeisha", "imekwisha" au "imekufa"? Nilimjibu kwamba mawili ya kwanza ni kitenzi kimoja chenye sura mbili, na kwamba la tatu litaeleweka kijiweni lakini lisiandikwe katika barua ya kuomba leseni mpya. Jibu lilikuwa sahihi, ila halikutosha. Kadi iliyopitwa na tarehe ingali mkononi mwa mwenyewe. Plastiki haijavunjika, picha ni ile ile, jina halijabadilika, na aliyeandikwa yu hai. Basi ni kitu gani hasa kilichoisha?

Nakuomba tulitafute jibu katika historia, na tulitafute mahali pamoja: kusini-magharibi mwa Uganda, katika makazi ya wakimbizi ya Nakivale na katika jiji la Mbarara lililo jirani. Nimepachagua kwa sababu mbili. Kwanza, Kiswahili kinasikika Nakivale kila siku, hasa vinywani mwa Wakongo na Warundi, kwa hiyo mambo nitakayokueleza hujadiliwa huko kwa lugha hii hii unayojifunza. Pili, watu wa eneo hilo wameishi chini ya karatasi za kila namna ambazo serikali zimebuni ili kumtambua mtu: tiketi ya kodi, kibali cha mgeni, barua ya mwenyekiti wa kijiji, kadi ya mkimbizi, kadi ya taifa. Nyingi kati ya hizo zilikuwa na tarehe ya mwisho.

Tuanze na maneno. "Kitambulisho" kinatokana na kitenzi tambua. Ukikinyambua ili kuonyesha usababishi unapata tambulisha, yaani kumfanya mtu atambuliwe. Kitambulisho, basi, ni chombo cha kumfanya mwenye nacho atambuliwe na asiyemjua. Zingatia hilo la mwisho, kwa maana kwa jirani yako hukihitaji. Chombo hicho kinapopewa muda mpya tunasema kimehuishwa, na hapo wengi wenu hudhani kuwa kuhuisha kimetoka katika kuisha. Sivyo. Yanafanana kwa sauti tu. Kuhuisha ni kutia uhai, na asili yake ni Kiarabu, pamoja na ndugu zake hai na uhai. Kwa hiyo yule kijana wa kijiweni anayesema leseni imekufa hayuko mbali sana na maofisa wanaoandika katika matangazo yao kwamba leseni ihuishwe.

Nchini Uganda kadi ya taifa huitwa Ndaga Muntu, jina la Kiluganda. Katika muntu utamwona "mtu" mara moja; ndaga ni habari ya kuonyesha. Ng'ambo ya mpaka, Rwanda, kadi ya taifa huitwa indangamuntu. Lugha zetu za Kibantu zina ujirani ambao mipaka haikuufuta, na katika habari hii mipaka ina mengi ya kujibu.

Tiketi ya mwaka mmoja

Mkataba wa Ankole wa 1901 ulipoliweka eneo hili chini ya Uingereza, kodi ilifuata, na pamoja na kodi ikaja stakabadhi. Kenya ilipata kitu kikali zaidi: kipande, kilichoanzishwa kwa sheria ya 1915 na kuanza kutumika kwa nguvu baada ya Vita Kuu ya Kwanza. Mwanamume Mwafrika alikivaa shingoni ndani ya kijaluba cha chuma, kikiwa na alama za vidole vyake na kumbukumbu za ajira yake. Neno la kawaida kabisa, kipande cha kitu, likageuka kuwa jina la utumwa wa karatasi. Na hadi leo wako Wakenya wanaokiita kitambulisho chao "kipande" bila hata kuikumbuka historia hiyo.

Uganda ilikuwa na tiketi ya kodi. Katika miaka ya 1950 ilianzishwa kodi ya viwango, iliyotozwa kila mwanamume mtu mzima kwa kadiri ya mapato aliyokadiriwa kuwa nayo, pamoja na wanawake wenye ajira. Aliyelipa alipewa tiketi ya mwaka ule. Ilikuwa karatasi ndogo isiyo na picha, lakini askari alipokusimamisha njiani hiyo ndiyo aliyoiulizia kwanza. Wazee wa Mbarara, kama wazee wa sehemu nyingine za Uganda, wanakumbuka misako ya alfajiri, wanaume waliolala vichakani, na njia ndefu zilizozunguka vizuizi vya barabarani. Kodi hiyo ilisitishwa mwaka 2005.

Tazama jinsi tiketi ile ilivyofanya kazi. Ilisema umelipa, basi. Haikusema wewe ni nani, umezaliwa wapi, wala ni raia wa nchi gani. Mwaka ulipogeuka, mtu yule yule aliyepita jana kizuizini kwa amani akawa mhalifu, naye hajatenda lolote ila kuamka asubuhi. Leseni ya udereva ya leo ni mjukuu wa tiketi ile: Uganda huitoa kwa mwaka mmoja, mitatu au mitano, na ukitaka kuendelea kuendesha unalipa tena. Siwezi kusema ni hila tupu. Macho ya dereva hudhoofika, sura hubadilika, na watengenezaji wa kadi bandia hujifunza. Tarehe ya mwisho huilazimisha ofisi kumtazama mtu upya. Lakini ada nayo hukusanywa upya, na sidhani kuna mweka hazina aliyewahi kulisahau hilo.

Waliokuja baada ya 1959

Makazi ya Nakivale yalianza mwishoni mwa miaka ya 1950 na kutambuliwa rasmi mwaka 1960, kando ya ziwa lenye jina hilo hilo. Leo yamo katika wilaya ya Isingiro, iliyomegwa kutoka Mbarara mwaka 2005. Ni miongoni mwa makazi ya wakimbizi yaliyodumu muda mrefu kuliko yote barani Afrika. Nasema makazi, si kambi, ingawa wenyeji wengi husema kambi: mkimbizi wa Nakivale hupewa kiwanja na, ardhi ikiwepo, shamba la kulima. Wakazi wa kwanza walikuwa hasa Watutsi waliokimbia machafuko ya Rwanda yaliyolipuka Novemba 1959.

Watu hao walizifahamu kadi. Katika miaka ya 1930 utawala wa Ubelgiji ulikuwa umewaandikisha Wanyarwanda na kuwapa vitambulisho vilivyotaja kabila: Mhutu, Mtutsi au Mtwa. Andiko lile halikuwa na tarehe ya mwisho. Mtoto alilirithi kutoka kwa baba yake. Liliendelea kuandikwa baada ya uhuru wa 1962, na mwaka 1994 kadi zilizokaguliwa katika vizuizi vya barabarani ziliamua nani apite na nani auawe. Liliondolewa baada ya mauaji yale ya kimbari. Kwa hiyo mtu akilalamika mbele yako kwamba ni udhia kitambulisho kuwa na muda, mkumbushe kwamba Afrika Mashariki imeliona pia andiko lisiloisha.

Uganda iliwapokea wageni hao kwa ardhi na kwa sheria. Sheria ilikuwa ile ya mwaka 1960 ya kuwadhibiti wakimbizi wa kigeni, na jina lake lilisema kweli. Mkimbizi alihitaji kibali cha kuwapo nchini, alitakiwa kukaa alipopangiwa, na wakuu wa makazi walikuwa na mamlaka makubwa juu yake. Safari ya kutoka Nakivale hadi Mbarara, ambayo leo mtu huifanya kwa teksi asubuhi na kurudi jioni, kisheria ilikuwa jambo la kuombewa ruhusa.

Mwaka 1976 Uganda ilijiunga na Mkataba wa Wakimbizi wa 1951. Ni ajabu kidogo, kwa kuwa serikali iliyojiunga ilikuwa ile ile ya Idi Amin ambayo mwaka 1972 iliwafukuza Waasia, na kabla ya kuwafukuza ikawapanga foleni kuhakiki hati zao za uraia, nyingi zikakataliwa. Kifungu cha 27 cha mkataba huo kinazitaka nchi zimpe karatasi za utambulisho mkimbizi yeyote asiye na hati halali ya kusafiria. Wazo hilo lilikuwa na asili yake huko Ulaya. Mwaka 1922, Fridtjof Nansen, mvumbuzi wa Kinorwe aliyekuwa kamishna wa wakimbizi wa Shirikisho la Mataifa, alifanikisha kutolewa kwa hati ya wakimbizi Warusi waliovuliwa uraia. Hati ya Nansen ilidumu mwaka mmoja. Ili kuihuisha, mwenye nayo alinunua stempu ya faranga tano za dhahabu. Kwa hiyo tangu siku yake ya kwanza karatasi ya mkimbizi ilizaliwa na tarehe ya kufa, kwa sababu kila aliyehusika aliamini kwamba ukimbizi ni jambo la muda mfupi. Nakivale ina zaidi ya miaka 60.

Oktoba 1982

Sasa nafika penye uchungu, na nakuomba usome polepole.

Mapema Oktoba 1982, katika utawala wa pili wa Milton Obote, vijana wa chama tawala cha UPC pamoja na viongozi wa serikali za mitaa waliingia vijijini katika wilaya ya Mbarara na kuanza kuwafukuza watu waliohesabiwa kuwa Wanyarwanda. Nyumba zilichomwa na ng'ombe wakaporwa. Watu wapatao 75,000 walipoteza makao yao. Takriban 40,000 walivuka na kuingia Rwanda kabla nchi hiyo haijaufunga mpaka mwezi Novemba, na maelfu walinaswa mpakani Merama Hill, hawana pa kwenda mbele wala nyuma. Wengine wengi walikimbilia katika makazi ya zamani ya wakimbizi, Nakivale na Oruchinga.

Walikuwa akina nani? Baadhi walikuwa wakimbizi wa 1959 na watoto wao waliokuwa wamehamia nje ya makazi. Baadhi walikuwa wazao wa vibarua na wafugaji walioingia Uganda miongo mingi kabla ya hapo. Na wengi walikuwa raia wa Uganda, ambao mababu zao waliishi upande huu tangu kabla ya mpaka wenyewe kuchorwa. Hao wa mwisho ndio wanaonishughulisha. Raia alikimbia kutoka katika shamba lake mwenyewe hadi katika makazi ya wakimbizi, ndani ya nchi yake, kwa sababu huko ndiko walikoruhusiwa kuwapo watu waliozungumza kama yeye.

Jiulize: raia huyo angeonyesha karatasi gani? Uganda haikuwa na kadi ya taifa. Tiketi ya kodi alikuwa nayo, pengine za miaka ishirini mfululizo, zimefungwa kwa kamba na kuhifadhiwa sandukuni. Lakini zilijibu swali la "umelipa?", ilhali vijana waliokuja na mienge waliuliza "wewe ni wa wapi?" Swali hilo lilijibiwa kwa lafudhi, kwa jina, na kwa kidole cha jirani.

Katika yale makazi ya Ankole ndiko walikokulia pia watoto waliokuja kujiunga na jeshi la RPF. Paul Kagame aliishi utotoni Nshungerezi, kusini mwa Mbarara. Wengi wa waliovuka mpaka tarehe 1 Oktoba 1990 wakiwa na silaha walikuwa wamechoka kuulizwa swali lile. Baada ya 1994 wakimbizi wa zamani wa Kinyarwanda walirudi kwao kwa wingi, na nafasi zao Nakivale zikajazwa na wengine: Wakongo, Warundi, Wasomali, na Wanyarwanda wapya.

Katiba ya Uganda ya 1995 ilijaribu kulijibu swali la "wewe ni wa wapi?" kwa maandishi. Kifungu cha 10 kinasema kwamba ni raia kwa kuzaliwa mtu aliyezaliwa Uganda ambaye mzazi wake au babu au bibi yake ni wa mojawapo ya jamii za asili zilizokuwa zikiishi ndani ya mipaka ya nchi tarehe 1 Februari 1926. Jamii hizo zimeorodheshwa katika jedwali, na Banyarwanda wamo. Ilikuwa hatua kubwa. Lakini kifungu cha 12, kinachowapa haki ya kuandikishwa kuwa raia watu wengine waliozaliwa Uganda na kuishi humo tangu uhuru, kimewaacha nje waliozaliwa na mzazi mkimbizi.

Waza vijana wawili wa Mbarara, wanaozungumza lugha moja na kuabudu katika kanisa moja. Wa kwanza, babu wa babu yake alichunga ng'ombe upande huu kabla ya 1926. Wa pili, babu yake aliingia Nakivale mwaka 1960. Wa kwanza ni raia; wa pili, ambaye hajawahi kuiona Rwanda, si raia kwa kuzaliwa. Hata huyo wa kwanza hana raha kamili, kwa maana Wanyarwanda wa Uganda wamelalamika kwa miaka mingi kwamba maofisa huwashuku kuwa wageni wanapoomba hati, na baadhi yao wamependekeza jamii yao ipewe jina jingine, Abavandimwe, ili wasichanganywe na raia wa nchi jirani. Utaona, basi, kwamba kuna tarehe za aina mbili. Tarehe ya mwisho huamua ushahidi wako utadumu hadi lini. Tarehe ya mwanzo huamua kama utaruhusiwa kuwa na ushahidi.

Kadi ya mkimbizi

Sheria ya Wakimbizi ya 2006 iliifuta ile ya 1960, na tofauti ni kubwa. Mkimbizi anayetambuliwa ana haki ya kupewa kitambulisho, ana haki ya kutembea nchini, na ana haki ya kufanya kazi. Kamati inayoamua maombi imepewa siku 90. Vitambulisho hutolewa na serikali yenyewe, kupitia Ofisi ya Waziri Mkuu, ikisaidiwa na UNHCR, shirika la Umoja wa Mataifa la wakimbizi. Pamoja na kadi ya mtu mmoja mmoja kuna barua ya familia inayoorodhesha waliomo nyumbani.

Lipo jambo la kisheria ambalo napenda ulishike vizuri. Katika sheria ya kimataifa, kutambuliwa hakumfanyi mtu kuwa mkimbizi. Kunatangaza tu kwamba tayari ni mkimbizi. Kwa hiyo kadi ikiisha, ukimbizi wake hauishi. Hiyo ndiyo nadharia. Sasa mchukue mama wa Kikongo kutoka Nakivale anayekwenda Mbarara kununua vitenge vya kuuza. Ofisa wa benki, wakala wa simu na askari wa kizuizini hawajasoma nadharia, wanasoma tarehe. Kwao, kadi iliyopita muda ni sawa na kutokuwa na kadi. Na kabla hajaja Uganda, mama huyu huenda hakuwahi kuwa na kitambulisho cha taifa, kwa kuwa kwa miaka mingi Wakongo wametumia kadi ya mpiga kura badala yake.

Habari ya laini za simu inalionyesha jambo hili vizuri. Mwaka 2017 Uganda iliamuru laini zote zithibitishwe kwa namba za kadi ya taifa, na mwaka 2018 masharti ya kuuza laini yakakazwa zaidi. Wakimbizi wengi walijikuta nje. Walinunua laini zilizoandikishwa kwa majina ya wengine, na laini ya namna hiyo ilipofungwa, pesa zilizokuwa ndani ya simu zilifungwa pia. Mwezi Agosti 2019 ndipo Tume ya Mawasiliano ilipoelekeza kwamba kadi ya mkimbizi au barua ya familia itoshe kusajili laini. Hakuna aliyebadilika kati ya 2018 na 2019. Karatasi zile zile zilianza kusomwa.

Lakini kuitwa ofisini kuhakiki karatasi si jambo jepesi kwa kila mtu wa Nakivale. Tarehe 14 Julai 2010, Wanyarwanda zaidi ya 1,700 wa Nakivale na Kyaka II walipakiwa kwa nguvu katika malori na kurudishwa Rwanda. Kwa mujibu wa taarifa za wakati ule, walikuwa wameitwa kukusanyika kwa ahadi za chakula na za habari kuhusu maombi yao ya hifadhi. Serikali zilisema ni watu waliokataliwa hifadhi. UNHCR ililaani tendo hilo na kusema kwamba wakimbizi waliotambuliwa walikuwemo. Baada ya siku kama hiyo, tangazo la "njooni na hati zenu" halisikiki kama tangazo la kawaida.

Na tangazo la namna hiyo lilikuja tena mwaka 2018. Kulikuwa na tuhuma kwamba idadi ya wakimbizi Uganda imeongezwa kwa ulaghai, basi kila mmoja akatakiwa ahakikiwe kwa alama za vidole na mboni za macho. Kazi ilianzia Oruchinga mwezi Machi na kukamilika Oktoba. Vitabu vilikuwa vimeonyesha watu wapatao milioni 1.4, waliothibitishwa walikuwa karibu milioni 1.1. Wengine walifurahi kusema kwamba laki tatu walikuwa hewa. Mimi ningekuwa mwangalifu. Kati ya walioandikwa, wako waliorudi makwao bila kuaga, na wako ambao siku ile walikuwa mbali. Wote hao walihesabiwa kwa pamoja: hawapo.

Kadi zilizoamka

Tumalizie kwa raia. Uganda ilianza kuwaandikisha raia wake kwa wingi mwaka 2014, na mwaka uliofuata sheria mpya ya usajili wa watu ikaunda mamlaka iitwayo NIRA. Raia hupewa namba ya herufi na tarakimu 14 ambayo ni yake maisha yake yote. Kadi yenyewe, hata hivyo, ilipewa miaka kumi. Namba haiishi, plastiki inaisha.

Fanya hesabu. Kadi zilizotolewa kwa mamilioni katika kipindi kimoja zitaisha kwa mamilioni katika kipindi kimoja. Mwaka 2024 ulipofika, za kwanza zilianza kuisha, na mitambo ya kutengeneza kadi mpya haikuwa tayari. Bila kadi, raia hangeweza kupata pasipoti, kufungua akaunti, wala kusajili laini. Serikali ilifanya nini? Ilitangaza kwamba kadi zilizopita tarehe zitaendelea kutumika. Zoezi la kuandikisha na kuhuisha lilianza tarehe 27 Mei 2025, Mbarara na kwingineko. Hadi hapo, watu walitembea na kadi ambazo juu yake zilisema zimekufa, na kila mtu alizipokea.

Nadhani hapo lipo jibu la swali la mwanafunzi wetu. Kilichoisha hakikuwa ndani ya kadi. Ni neno la aliyeitoa. Kadi ni ahadi ya ofisi kwamba itasimama nyuma ya jina lako hadi siku fulani, na ofisi ikitaka kuongeza siku, tangazo moja hutosha. Raia wana kura na wabunge, na walipokuwa mamilioni kwa wakati mmoja neno hilo liliongezwa upesi. Mkimbizi mmoja mmoja, mwenye kadi inayoisha Jumanne ijayo, hana tangazo lake.

Tena, kwake yeye hata hadhi yenyewe yaweza kuisha. Mkataba wa 1951 una kifungu kinachosema ukimbizi hukoma pale sababu za kukimbia zinapokoma, na UNHCR ilipendekeza kifungu hicho kitumike kwa Wanyarwanda waliokimbia kati ya 1959 na mwisho wa 1998, kuanzia tarehe 30 Juni 2013. Tanzania imewahi kuonyesha mwisho wa aina nyingine: mwaka 2014 iliwapa vyeti vya uraia Warundi wapatao 162,000 wa mwaka 1972 na watoto wao, baada ya kuwaweka miaka minne hivi wakiwa wameshakubaliwa lakini hawana cheti mkononi. Uganda inaruhusu tajinisi kwa aliyekaa miaka 20, ila wakimbizi waliokwisha kuipata kwa njia hiyo utawatafuta kwa tochi.

Kwa somo lijalo nina kazi mbili. Ya kwanza ni barua fupi: omba leseni yako ihuishwe, na utumie sentensi hii kama kielelezo, "Muda wa matumizi ya leseni yangu umekwisha, hivyo naomba nihuishiwe." Ya pili ni ya mdomo. Tafuta mtu mwenye umri wa miaka 60 au zaidi, shikamoo kwanza, kisha umuulize ni karatasi gani alitembea nayo mfukoni alipokuwa kijana, na nani alikuwa akimuuliza. Andika neno analotumia yeye, tiketi, kipande, karte, kibali au lolote jingine, wala usimsahihishe.